Muundi unauma ukikimbia au kutembea? Anza kwa kidole gumba

Kaa kwenye kiti, vua soksi, weka mguu mmoja juu ya goti la mwingine. Ule ukingo mkali wa mfupa ulio mbele, kati ya goti na kifundo cha mguu, ndio muundi, au ugoko kama wengine wanavyouita. Uache ukingo huo wa mbele. Telezesha kidole gumba kwenda upande wa ndani, ule unaotazamana na mguu wa pili, mpaka ufike pale mfupa unapokutana na nyama ya kigimbi. Anzia juu kidogo ya kifundo, panda taratibu kuelekea goti huku ukibonyeza kwa nguvu ya wastani. Fanya hivyo miguu yote miwili, hata ule usiouma, ili upate cha kulinganisha.

Dakika mbili hizo zitakupa majibu mawili: panauma upande gani, na maumivu yameenea urefu gani. Jibu la tatu halipatikani kwa kidole, litafute kwenye kumbukumbu: maumivu huja wakati gani wa mazoezi, na huondoka lini. Ukiwa na hayo matatu, tafuta dalili yako hapa chini. Usikimbilie tiba kwanza. Wengi huanza na barafu, wakaja kwenye dawa ya kuchua, wakamalizia na raba mpya za gharama, na muda wote huo hawajui wanatibu nini. Maumivu ya muundi ni jina moja lililobebeshwa matatizo manne au matano yasiyofanana, na zoezi linaloponya moja laweza kulizidisha jingine.

Dalili: panauma upande wa ndani, eneo refu, hasa mwanzoni mwa mazoezi

Hii ndiyo ya kawaida kuliko zote. Kidole kinapopita kwenye ukingo wa ndani wa mfupa, katika theluthi mbili za chini, panauma kwa urefu wa sentimita 5 au zaidi. Unaweza kupaona kama mstari, si nukta. Ukianza kukimbia panauma. Mwili ukipata joto maumivu yanapungua au yanapotea kabisa. Ukimaliza yanarudi, au yanakusubiri asubuhi unaposhuka kitandani. Ukiendelea kuulazimisha mguu, kile kipindi cha nafuu cha katikati kinazidi kufupika, mpaka ufike mahali ambapo panauma mwanzo hadi mwisho, na baadaye hata kwa kutembea tu.

Nafuu hiyo ya katikati ndiyo inayowadanganya watu. Mtu anasema, "Nikishapata joto panatulia," anajihesabia kwamba ni misuli imekaza na itazoea. Kumbe kinacholalamika hapo si misuli peke yake, ni mfupa na utando unaoufunika.

Ili uelewe kwa nini, angalia mfupa unavyofanya kazi. Kila unyayo unapotua wakati wa kukimbia, mguu hupokea nguvu ya takriban mara mbili hadi tatu ya uzito wa mwili, na mfupa wa muundi hupinda kidogo, kiasi kisichoonekana kwa macho. Wakati huohuo misuli ya ndani ya kigimbi huvuta ule utando. Kupinda huko hakuna ubaya, maana ndiko kunakouarifu mfupa kwamba ujiimarishe. Tatizo liko kwenye mpangilio wa ukarabati. Seli za kubomoa hutangulia, zikachimba na kuondoa sehemu iliyochoka, kazi inayochukua kama wiki 3. Ndipo seli za kujenga hufuata kujaza mashimo, nazo huhitaji kama miezi 3. Mtu aliyeanza kukimbia mwezi huu, basi, anapofika wiki ya tatu au ya nne, sehemu zile za mfupa zinazobeba mzigo ni dhaifu kuliko zilivyokuwa siku ya kwanza.

Na hiyo ndiyo wiki ambayo pumzi imeshapatikana. Kilima kilichokuwa kinamtoa jasho sasa anakipanda akiongea. Anaona amekomaa, anaongeza umbali. Moyo na mapafu vimeshafika, mfupa bado uko njiani. Karibu kila kesi ya aina hii niliyowahi kuisikiliza kwa makini ina hadithi hiyohiyo ndani yake, hata kama msimulizi anaanza kwa kulaumu viatu.

Tafuta kilichobadilika

Swali la kujiuliza si "nilifanya nini jana?" bali "nini kilibadilika wiki tatu hadi sita zilizopita?" Chukua kalenda, maana kumbukumbu hupendelea.

Kuongeza kilomita au siku za kukimbia ni jibu la wazi, halihitaji maelezo. Linalosahaulika zaidi ni kuongeza ukali bila kuongeza umbali: ulianza mbio za kasi, ulihamia njia yenye vilima, ulijiunga na kundi lenye mwendo wa kasi kuliko wako. Kwenye daftari kilomita ni zilezile, lakini mfupa hausomi daftari. Kuna pia anayerudi baada ya kusimama. Miezi mitatu bila mazoezi hupunguza uimara wa mfupa na misuli, lakini kichwani bado yupo mkimbiaji wa zamani, anaanza pale alipoishia. Wanajeshi wapya, wacheza dansi na wachezaji wanaorudi kambini hupata tatizo hili kwa sababu hiyohiyo.

Halafu tazama ardhi. Lami na zege ni ngumu, lakini ugumu peke yake mwili huuzoea. Kinachoumiza ni kubadilisha ghafla, hata kwenda kwenye mchanga laini, ambao hukifanyisha kigimbi kazi kubwa zaidi. Kama mguu mmoja tu ndio unaouma, jiulize kama hukimbilii kila siku ukingo uleule wa barabara iliyoinamia pembeni. Mguu wa upande mmoja hutua juu, wa pili hutua chini, na kila mmoja hupinda kwa namna yake. Kugeuza upande wa njia, palipo salama kufanya hivyo, ni tiba isiyogharimu kitu.

Viatu nina maoni yangu juu yake. Raba nyingi za kukimbilia huanza kupoteza uwezo wa kupunguza mshindo kati ya kilomita 500 na 800, hata kama kwa juu bado zinang'aa. Kama zako zimevuka hapo, badilisha. Vilevile kuhama ghafla kutoka soli nene kwenda nyembamba huongeza kazi ya kigimbi na mzigo wa mfupa. Zaidi ya hayo, viatu vinalaumiwa kuliko vinavyostahili. Ukinunua jozi mpya na kuendelea na ratiba ileile iliyokuumiza, utaumia ukiwa umevaa vizuri.

Kisha kuna yale ya mwili wenyewe. Nyayo bapa zinazolalia ndani, uzito mkubwa, na kuwahi kupata tatizo hili huko nyuma, vyote huongeza uwezekano. Wanawake hulipata zaidi kuliko wanaume. Na kuna sababu moja ambayo haionekani mguuni: kula kidogo kuliko unavyotumia. Mwaka 2014 Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ilitoa tamko maalumu kuhusu upungufu wa nishati kwa wanamichezo, wa kike na wa kiume. Mwili usiopata chakula cha kutosha hupunguza matumizi, na ukarabati wa mifupa huwa miongoni mwa vinavyokatwa. Mkimbiaji wa kike ambaye hedhi yake imekuwa ya kurukaruka au imekatika asilichukulie hilo kuwa dalili ya kufanya mazoezi vizuri. Hiyo ni kengele ya mifupa, na inahitaji daktari, sambamba na kupima vitamini D na kuangalia kiasi cha kalsiamu anachopata.

Dalili: nukta moja inayouma kupita kawaida

Hapa simama kwanza. Kama kidole gumba kinapita vizuri halafu kinafika mahali pamoja, padogo kuliko sentimita 5, pengine pa ukubwa wa ncha ya kidole, na hapo unaruka kwa maumivu, fikiria ufa wa mfupa. Ishara nyingine huungana nayo: maumivu hayapungui ukipata joto bali yanazidi kila dakika, yanauma ukiwa umepumzika au usiku, kuruka kwa mguu huo mmoja hakuvumiliki. Pengine pamevimba kidogo juu ya mfupa.

Ufa huu haukutokana na kuanguka. Ni ule ubomoaji wa seli uliotangulia ujenzi kwa muda mrefu mno, mzigo ukaendelea kuongezwa juu yake. Usipoziba ufa utajenga ukuta, waliosema hivyo hawakuwa wanazungumzia mifupa lakini wangeweza. Ufa mdogo unaweza kuendelea hadi mfupa ukavunjika kabisa.

La kufanya: acha kukimbia leo, si baada ya mashindano ya wiki ijayo. Acha na kutembea kwa mazoezi. Kama hata kutembea kwa kawaida kunauma, tumia magongo mpaka uonwe. Usiendelee kujaribu kuruka ili "kuhakikisha". Nenda kwa daktari, na ujue jambo hili kabla hujaingia: eksirei katika wiki 2 au 3 za mwanzo mara nyingi haionyeshi chochote, kwa sababu ufa huanza kuonekana mfupa unapoanza kujiunga. Picha safi haimaanishi mfupa mzima. Kipimo cha MRI, picha inayopigwa kwa sumaku, huona mapema zaidi.

Ufa wa upande wa ndani wa muundi kwa kawaida hupona kwa wiki 6 hadi 12 za kuuondolea mzigo. Ufa ulio kwenye ule ukingo wa mbele kabisa, katikati ya mfupa, ni habari nyingine: upande huo hutanuliwa badala ya kubanwa, damu yake ni kidogo, hupona polepole sana, na wakati mwingine huhitaji upasuaji. Kwa hiyo nukta inayouma mbele kabisa isisubiri hata siku mbili.

Dalili: panawaka mbele upande wa nje, hasa ukitembea haraka

Hii ni ya watembeaji, na wakimbiaji huwa hawaijui. Umeamua kutembea kila siku kwa afya, umekaza mwendo, na baada ya dakika kumi nyama iliyo mbele ya mguu, upande wa nje wa muundi, inawaka kama imetiwa pilipili. Ukipunguza mwendo inatulia.

Msuli huo ndio unaonyanyua wayo. Ukitembea, huuinua ili vidole visikwaruze ardhi, kisha huushusha taratibu baada ya kisigino kutua. Kadiri hatua inavyokuwa ndefu na kisigino kinavyotua mbali mbele ya mwili, ndivyo unavyolazimika kuushikilia wayo kwa nguvu zaidi usianguke kama kofi. Kuteremka mlima huzidisha. Viatu vizito navyo huzidisha, kwani kila hatua unanyanyua uzito huo kwa msuli mmoja mwembamba. Ukisikia nyayo zako zikipiga ardhi "pa, pa, pa", msuli umeshachoka.

Ukitaka mwendo, ongeza idadi ya hatua badala ya urefu wake. Kisigino kitue karibu na mwili. Tembea dakika 5 hadi 10 polepole kabla ya kukaza. Ukianza kuhisi moto, punguza mwendo mpaka utulie, kisha endelea. Huna haja ya kurudi nyumbani. Nyumbani, egemea ukuta kwa mgongo, sogeza visigino mbele kidogo, nyanyua sehemu ya mbele ya nyayo kuelekea kwako mara 15, pumzika, rudia mara mbili. Kwa watu wengi tatizo hili huisha ndani ya wiki chache, na ndilo pekee katika orodha hii ambalo ningemwambia mtu asiwe na hofu nalo.

Ila usilichanganye na hili linalofuata.

Dalili: mguu unajaa, unabana kama umefungwa kamba, kisha ganzi

Misuli ya mguu imegawanywa katika vyumba vinavyozungukwa na utando mgumu usiotanuka. Misuli ikifanya kazi hujaa damu na kuvimba. Kwa baadhi ya watu chumba hakitoshi, shinikizo linapanda, damu inapita kwa shida na mishipa ya fahamu inabanwa. Utalitambua kwa ratiba yake: huanza karibu dakika ileile au kilomita ileile kila safari, linakaza mpaka usimame, na ukisimama linaisha ndani ya dakika 15 hadi 30. Siku ya pili ukibonyeza mfupa hapaumi. Wengine hupata ganzi juu ya wayo, au wayo unaanza kuburuta.

Kubadilisha utuaji wa mguu huwasaidia baadhi. Wengine hupimwa shinikizo ndani ya misuli kwa sindano kabla na baada ya kukimbia, na ikithibitika hufanyiwa upasuaji wa kuupasua utando. Barafu na raba havina kazi hapa.

Lakini shinikizo la ghafla, baada ya kupigwa teke, kuvunjika au mazoezi ya kupindukia, lenye maumivu makali yasiyolingana na jeraha, mguu mgumu kama ubao, maumivu yanayozidi ukinyoosha vidole, ni dharura ya saa chache. Usilale nalo. Nenda hospitali usiku huohuo.

Dalili nyingine, kwa haraka

Kigimbi kimoja kimevimba, kina joto, kinauma hata umekaa, hasa baada ya safari ndefu, upasuaji au kulazwa: yawezekana damu imeganda kwenye mshipa. Usikichue, nenda hospitali. Ikiambatana na kushindwa kupumua au maumivu ya kifua, ni dharura.

Kigimbi kinabana baada ya mita kadhaa za kutembea na kutulia ukisimama, kwa mtu mwenye umri mkubwa, mvutaji sigara au mwenye kisukari: mishipa ya damu imeziba kiasi. Hilo ni la daktari wa moyo na mishipa.

Mfupa unauma usiku bila kuhusiana na mazoezi, kuna homa, au uvimbe unaokua, hasa kwa mtoto au kijana: achunguzwe haraka. Kijana mwenye nundu inayouma chini tu ya goti, pale kano inaposhikana na mfupa, mara nyingi ana tatizo la ukuaji na si la muundi.

Kutibu ile ya kawaida

Sasa turudi kwa yule mwenye mstari mrefu upande wa ndani. Kuna makosa mawili yanayopingana. La kwanza ni kuendelea kama kawaida. La pili ni kulala wiki tatu, maumivu yakaisha, mtu akarudi umbali uleule, na baada ya siku nne yuko palepale. Mapumziko hutuliza mfupa lakini hayauimarishi. Bila mzigo kabisa, unazidi kulegea.

Siku za mwanzo, acha kukimbia na kuruka. Kutembea ruhusa, mradi hapaumi. Weka barafu iliyofungwa kwenye kitambaa kwa dakika 10 hadi 15, mara mbili au tatu kwa siku, ukiona inakupa nafuu. Inatuliza tu, haitibu. Parasetamoli inatosha kwa maumivu. Ibuprofeni na diklofenaki zina madhara kwa tumbo na figo, na kuzimeza kabla ya kukimbia ni kumfunga mlinzi mdomo. Kuchua nyama ya kigimbi hakuna ubaya, ila usisugue juu ya mfupa wenyewe. Nimeona watu wakijikandamiza kwa chupa mpaka wakapata michubuko, wakidhani wanavunja uchafu fulani.

Pumzi usiipoteze. Baiskeli, kuogelea na kukimbia ndani ya maji ya kina huuweka moyo kazini bila mshindo. Hapo kuna mtego, lakini: ukirudi barabarani baada ya wiki sita za baiskeli, utakuwa na pumzi nyingi kuliko mfupa, na ule mchezo wa mwanzo unaanza tena. Kumbuka hilo siku utakayojisikia vizuri.

Tangu wiki ya kwanza au ya pili, mara maumivu ya kutembea yakiisha, anza kuimarisha. Zoezi kuu ni kunyanyua visigino. Simama ukishika ukuta, nyanyua visigino polepole, shuka kwa kuhesabu tatu. Seti 3 za mara 12 hadi 15, siku moja ndiyo, siku moja hapana. Nusu ya seti goti liwe limenyooka, nusu nyingine liwe limekunjwa kidogo, kwa sababu goti likikunjwa kazi inahamia kwenye msuli wa ndani wa kigimbi, ambao ndio hubeba mzigo mkubwa wakati wa kukimbia. Ukizoea miguu miwili, hamia mguu mmoja. Lengo liwe kufika mara 25 kwa mguu mmoja bila kuyumba. Wakimbiaji wengi wa miaka mingi hushangaa kushindwa ya 12. Ongeza na mazoezi ya nyonga, kama kusimama mguu mmoja na kuchuchumaa nusu, goti lisiangukie ndani.

Kurudi: masharti matatu, kisha ngazi

Usihesabu siku. Rudi pale tu utakapotimiza haya: umetembea haraka dakika 30 kwa siku kadhaa bila maumivu, kidole gumba kinapita kwenye mfupa sawa na kwenye mguu usiouma, umeruka kwa mguu huo mara 10 na hapakuuma.

Anza na dakika 1 ya kukimbia polepole na dakika 2 za kutembea, mara 8. Pumzika siku inayofuata. Ukifanya hivyo mara mbili au tatu bila shida, geuza: dakika 2 mbio, 1 kutembea. Halafu 4 na 1, halafu 8 na 1, mpaka dakika 20 au 30 mfululizo. Kwanza muda, baadaye kasi, mwisho vilima. Usiongeze viwili katika wiki moja.

Kipimo chako kiwe maumivu kwa alama 0 hadi 10. Mpaka 2, endelea, ikiwa asubuhi yake yameisha. Yakifika 3 au zaidi, tembea urudi nyumbani, na safari ijayo shuka ngazi moja. Asubuhi ndiyo hakimu, si wakati wa kukimbia, kwa sababu mwili wenye joto husema uongo.

Itachukua muda gani? Jaribio lililochapishwa mwaka 2012 nchini Uholanzi liliwagawa wanamichezo 74 wenye tatizo hili makundi matatu: waliofuata ngazi za kukimbia tu, walioongezewa kunyoosha na kuimarisha vigimbi, na walioongezewa soksi za kubana. Hakuna kundi lililowashinda wenzake kwa tofauti ya maana, na makundi yote yalihitaji zaidi ya siku 100 kwa wastani kumaliza programu. Miezi mitatu na ushei: karibu sawa na muda wa zile seli za kujenga. Ukiona tangazo la kupona kwa wiki moja, pima kwa hilo. Pamoja na jaribio hilo, bado nashauri kuimarisha kigimbi, maana mguu wenye nguvu utauhitaji hata baada ya ngazi kuisha.

Kujikinga, na vinavyouzwa kwa jina la kinga

Kunyoosha misuli kabla ya kukimbia kuna sifa kubwa kuliko matokeo. Mwaka 2000 wanajeshi wapya zaidi ya 1,500 wa Australia waligawanywa makundi mawili, moja likanyoosha kabla ya mazoezi na jingine halikunyoosha, majeraha yalikaribiana. Nyoosha kama unapenda, ila kusikufanye ujione una chanjo. Dakika chache za mwendo wa taratibu zina maana zaidi.

Soli za ndani zinazopunguza mshindo ndizo zenye ushahidi bora kidogo, hasa kutoka kwa wanajeshi. Za kawaida zinatosha kuanzia, na mwenye nyayo bapa anaweza kusaidika na zenye kuinua tao la wayo. Soksi za kubana hupendeza na huenda zikakupa faraja. Zaidi ya hapo sitegemei.

Kuhusu ile kanuni maarufu ya kutozidisha asilimia 10 kwa wiki, ilijaribiwa Uholanzi kwa wakimbiaji wapya zaidi ya 500, matokeo yakachapishwa 2008. Waliopanda polepole kwa kufuata asilimia 10 waliumia karibu sawa na waliopanda haraka zaidi, kama mmoja kati ya watano kila upande. Asilimia haina muujiza. Nionavyo, kinachosaidia zaidi ni kuacha siku kati ya mbio na mbio katika miezi mitatu ya mwanzo, kushusha mzigo kila wiki ya nne, wiki ileile ambayo pumzi inakushawishi kupanda, na kulala na kula vya kutosha.

Jambo jingine lisilogharimu ni hatua fupi. Hesabu mara ngapi wayo wa kulia unatua kwa sekunde 30, zidisha kwa 4. Ukipata 160, jaribu 168 hadi 176 kwa kasi ileile, yaani ongezeko la asilimia 5 hadi 10. Mshindo wa kila hatua hupungua. Kwa siku za mwanzo utajiona unatapatapa kama kifaranga, kisha unazoea. Fanya kwa dakika mbilimbili ndani ya safari, si safari nzima siku ya kwanza.

Ngazi inapogoma

Kama umefuata ngazi kwa uaminifu na ukakwama mahali palepale mara tatu, au maumivu yamehama kutoka mstari kuwa nukta, acha kujitibu. Nenda kwa daktari au mtaalamu wa fiziotherapia mwenye uzoefu na wanamichezo. Chukua kalenda yako ya wiki nane za mwisho na raba unazokimbilia, zilizochakaa, si zile mpya. Mweleze maumivu huanza dakika ya ngapi, na asubuhi huwaje. Mwanamke aseme habari za hedhi hata asipoulizwa. Na ukiambiwa uonyeshe panapouma, usipapase mguu mzima kwa kiganja. Weka kidole kimoja pale unapoanza mstari, kingine pale unapoishia.